Roberta Breitmore: mwanamke aliyejengwa kwa vipodozi, makaratasi na macho ya watu

Kati ya mwaka 1973 na 1978, jijini San Francisco, Marekani, aliishi mwanamke aitwaye Roberta Breitmore. Alikuwa na leseni ya udereva, akaunti ya benki, kumbukumbu za daktari wa meno na mwandiko wake mwenyewe. Alikwenda kwa mtaalamu wa magonjwa ya akili. Alijiunga na kikundi cha watu wanaotaka kupunguza uzito. Alitangaza gazetini kwamba anatafuta mtu wa kuchangia naye nyumba, na watu wakamjibu, wakapanga kukutana naye, wakakaa naye kwenye benchi wakazungumza. Hakuna mama aliyemzaa Roberta. Alitengenezwa na msanii Lynn Hershman Leeson, aliyevaa wigi la rangi ya dhahabu, akajipaka uso kwa mpangilio maalumu, akatoka nje akiwa yeye.

Kazi hii hutajwa kila panapozungumziwa sanaa ya utendaji inayohusu uanamke na vigezo vya urembo, na mara nyingi huelezwa kijuujuu: kwamba msanii alijifanya mtu mwingine kwa miaka kadhaa. Maelezo hayo yanaacha nje karibu kila kitu chenye uzito. Roberta ana muundo, na muundo huo unaweza kufunguliwa kipande kimoja kimoja.

Kwa nini huu si uigizaji

Katika tamthilia mwigizaji ana maneno aliyoandikiwa, ana jukwaa, na ana watazamaji waliolipa kiingilio wakijua wanachokuja kuona. Akichomwa kisu, damu si yake. Katika sanaa ya utendaji, mwili wa msanii ndio mali ghafi, muda ni muda halisi, na linalompata linampata kweli. Mwaka 1975, mjini Copenhagen, Marina Abramović alikaa mbele ya kamera akiwa na burashi ya nywele mkono mmoja na kitana mkono wa pili. Alijichana nywele huku akirudia tena na tena kwamba sanaa lazima ipendeze na msanii lazima apendeze. Mwanzoni ni mwanamke anayejitengeneza tu. Kadiri dakika zinavyokwenda mikono inazidi nguvu, nywele zinavutwa, uso unakunjamana. Maumivu yale hayakuigizwa, na ndiyo yanayoifanya sentensi ya kawaida kabisa isikike kama amri.

Kazi za aina hii husimama juu ya nguzo mbili: kanuni na kumbukumbu. Kanuni ni lile agizo ambalo msanii amejiwekea kabla hajaanza: nitafanya nini, kwa muda gani, kwa vifaa gani, nitaacha lini. Kumbukumbu ni kile kinachobaki tendo likishapita: picha, video, barua, risiti, nguo. Kanuni ikilegea katikati, kazi inageuka kuwa vituko. Kumbukumbu ikipotea, kinachobaki ni uvumi. Ukitaka kuipima kazi yoyote ya namna hii, anza kwa kuuliza kanuni yake ilikuwa ipi. Usianze na kama ilikushtua.

Wazo lililo chini ya kazi hizi ni kwamba uanamke unaoonekana kwa macho, yaani sura, mwendo, harufu, namna ya kukaa, hufundishwa na hufanyiwa kazi. Msomaji wa pwani anayejua kazi ya somo au kungwi hatahitaji kushawishiwa kwa hilo. Wasanii hawa walichoongeza ni kuiandika kazi yenyewe wazi, pamoja na vifaa, gharama na hatua zake, ili mtazamaji asiweze tena kusema kwamba ni maumbile tu.

Jinsi Roberta alivyojengwa

Mwanzo wake ni chumba cha hoteli. Mwaka 1973 Hershman alikodi chumba katika Dante Hotel, hoteli ya bei nafuu mtaa wa North Beach, akakipanga kama makazi ya watu fulani: sanamu za nta kitandani, nguo, vitabu, vitu vya mezani. Mgeni alichukua ufunguo mapokezi, akapanda na kuingia mwenyewe, saa yoyote ya mchana au usiku. Mpango ulikuwa kukiacha hivyo muda mrefu. Ulikatizwa na mgeni mmoja aliyeingia usiku wa manane, akadhani sanamu zile ni maiti, akaita polisi. Vitu vyote vikachukuliwa.

Katika chumba kile Hershman alikuwa ameonyesha kwamba watu wakipewa vitu vya mtu, watamuumba mtu huyo vichwani mwao. Hatua iliyofuata ilikuwa kumtoa mtu huyo chumbani na kumtembeza mtaani. Roberta alishuka kwenye basi San Francisco na kupanga hotelini, akiwa na akiba ya dola 1,800. Alikuwa mwanamke aliyeachika, mpweke, asiyejiamini, anayeanza upya katika jiji asilolijua. Tabia hizo zilichaguliwa kwa makusudi. Hershman alitaka mtu wa kawaida wa wakati ule, si shujaa, mtu ambaye jamii ingemmwagia matarajio yake bila yeye kuweza kuyapinga.

Ujenzi wa sura yake tunao kwa maandishi. Mwaka 1975 Hershman alitoa picha ya uso na mabega ya Roberta iliyochorwa juu kwa rangi na kutiwa namba, kila namba ikieleza hatua moja. Chini ya macho paangazwe kwa kijiti cha Dior. Mashavu yapakwe rangi ya pichi ya Revlon. Vivuli vya uso vichorwe kwa kipodozi cha kahawia cha Coty. Umbo la midomo lichorwe kwa burashi kabla ya kujazwa rangi. Hata gauni limetajwa pamoja na bei: dola 7.98 kwa vipande vitatu.

Chati hii inastahili kuangaliwa polepole, kwa sababu ndipo hoja nzima ilipo. Imeandikwa kwa lugha ileile ya kurasa za urembo za magazeti ya wanawake, zile zinazomwambia msomaji aweke hiki hapa na kile pale ili apendeze. Hershman hakubadilisha lugha hiyo. Alibadilisha matokeo: ukifuata hatua zote hupati wewe uliyependeza zaidi, unapata Roberta. Mwanamke yeyote angeweza kumpata, mradi ana bidhaa zile na fedha za kuzinunua. Baadaye hilo lilifanyika kweli.

Uso peke yake usingetosha. Mtu wa karne ya 20 anathibitishwa na makaratasi, kwa hiyo Roberta alipewa makaratasi, na kila karatasi ikavuta nyingine: mwenye anwani anaweza kufungua akaunti, mwenye akaunti anaweza kuomba kadi ya mkopo. Hershman amesimulia kwamba Roberta alipata kadi ya mkopo wakati yeye mwenyewe alikuwa akinyimwa. Mwanamke wa kubuni aliaminika benki kuliko aliyembuni.

Kumbukumbu za mikutano yake zilikusanywa kwa namna mbili. Roberta aliandika shajara na kuhifadhi barua alizopokea. Pia mpigapicha alimfuata kwa mbali, akipiga picha zinazofanana na za upelelezi: watu wawili kwenye benchi, mgongo wa mwanamume, wigi la dhahabu. Picha hizo hazivutii kwa urembo, zina ukungu na vitu vimeziba mbele. Zingekuwa nzuri mno tungejua kwamba zilipangwa. Na tunamwona Roberta jinsi mtu asiyemfahamu angemwona, ambayo ndiyo njia pekee aliyowahi kuonwa na yeyote.

Palipoharibika

Mtu wa kubuni hupatwa na mambo ya kweli. Waliojibu tangazo la nyumba hawakuwa wote wakitafuta nyumba. Katika tukio moja San Diego, Roberta alitakiwa ajiunge na mtandao wa ukahaba. Hapo ndipo hatari ya sanaa hii inapoonekana: Hershman alikuwa amemjenga mwanamke dhaifu, na udhaifu huo uliwavuta watu wanaowinda wanyonge. Kanuni ya kazi ilimtaka Roberta aendelee kuwa Roberta. Usalama wa msanii ulimtaka aondoke.

Jibu la Hershman lilikuwa kuongeza idadi. Aliajiri wanawake wengine watatu wawe Roberta, kila mmoja akiwa na wigi na mavazi yaleyale, mmoja wao Kristine Stiles, ambaye baadaye alikuja kuwa mwanahistoria wa sanaa. Kisha Hershman mwenyewe akaacha kumvaa, akawaachia hao. Wao nao wakapatwa na yaleyale. Kama jaribio, hili lina nguvu kuliko yote yaliyotangulia. Mpaka hapo mtu angeweza kusema kwamba mikosi ya Roberta ilitokana na tabia ya Hershman. Wanawake tofauti walipovaa sura moja na kukutana na mambo yanayofanana, ilidhihirika kwamba kilichokuwa kikivuta ni sura yenyewe.

Kuna doa ambalo wasifiaji wa kazi hii hulipita haraka. Waliomwandikia Roberta hawakujua kwamba barua zao zingekuwa sehemu ya mradi wa sanaa, na si wote waliokuwa na nia mbaya. Baadhi walitafuta mtu wa kukaa naye tu. Miaka ile jambo hilo halikujadiliwa sana. Msanii wa leo anayetaka kufuata njia hii hana budi kuamua mapema majina na nyuso za wengine vitafichwaje, nani atakuwa karibu anamwangalia, na alama ipi itakuwa ya kusitisha. Maamuzi hayo nayo ni sehemu ya kanuni, na yakiachwa hadi hatari ifike huwa yamechelewa.

Mwaka 1978 Jumba la Makumbusho la M. H. de Young lilionyesha kumbukumbu zote za Roberta na kuandaa shindano la kufanana naye. Mwaka huohuo maisha yake yalifungwa kwa tambiko lililofanyika Palazzo dei Diamanti, mjini Ferrara, Italia.

Mwili wenyewe ukiwa jiwe la kuchonga

Roberta alijengwa kwa kuongeza vitu juu ya mwili. Eleanor Antin alifanya kinyume. Katika Julai na Agosti 1972 alifuata mlo wa kupunguza uzito kwa siku 37, na kila asubuhi alipigwa picha nne akiwa mtupu: mbele, nyuma, ubavu wa kushoto, ubavu wa kulia. Jumla ni picha 148 za rangi nyeusi na nyeupe. Hupangwa ukutani kama jedwali: picha nne za siku moja husimama wima, na siku hufuatana kutoka kushoto kwenda kulia. Kazi inaitwa *Carving: A Traditional Sculpture*, na Antin aliieleza kwa kurejelea wachongaji wa Ugiriki ya kale, waliozunguka jiwe pande zote wakiondoa tabaka jembamba moja baada ya jingine.

Alipungua takriban kilo 4.5. Ukigawa kwa siku 37 unapata kama gramu 120 kwa siku, kiasi ambacho jicho haliwezi kukiona. Linganisha safu mbili zinazofuatana hutaona tofauti yoyote. Ruka hadi mwisho wa jedwali, tazama kiuno kwenye picha za ubavu, na tofauti inajitokeza, nayo ni ndogo. Siku 37 za kujinyima, na hili ndilo lililopatikana. Hakuna picha ya kabla na baada, kama zile za matangazo ya dawa za kupunguza unene, inayoweza kusema hivyo, kwa sababu picha mbili huficha siku zote zilizo katikati.

Anayetaka kufanya mfululizo wa aina hii ajue kwamba unaharibiwa na vitu vidogo. Kamera ikisogea sentimita chache, mabadiliko ya picha yatakuwa makubwa kuliko ya mwili. Miguu ya stendi ya kamera na mahali pa kusimama viwekewe alama sakafuni, lenzi isibadilishwe, mwanga na saa viwe vilevile, nywele zifungwe namna moja, na pumzi itolewe kabla ya kila picha kwa sababu tumbo lililojaa hewa linadanganya. Siku ikirukwa, nafasi yake iachwe wazi. Kuijaza kwa picha ya kesho yake ni kuvunja kanuni, na kanuni ikivunjwa kwa siku moja hakuna sababu ya kuziamini nyingine.

Mwaka 2017, akiwa na zaidi ya miaka 80, Antin aliirudia kazi hiyo. Safari hii picha zilifika 500, na mwaka 2019 zilionyeshwa katika makumbusho ya LACMA mjini Los Angeles.

Upasuaji wa ORLAN

Mfaransa ORLAN, aliyezaliwa Saint-Étienne mwaka 1947, alipasuliwa mara tisa kati ya 1990 na 1993 na kuufanya kila upasuaji kuwa onyesho. Chumba cha upasuaji kilipambwa, mavazi yalibuniwa na watu kama Paco Rabanne na Issey Miyake, na msanii alitiwa ganzi ya sehemu tu ili abaki macho akisoma maandishi kwa sauti.

Inasemwa mara kwa mara kwamba alitaka kuwa mwanamke mzuri kuliko wote kwa kuchukua kidevu cha Venus wa Botticelli, paji la uso la Mona Lisa na kadhalika. Hiyo si kweli. Picha hizo alizichagua kwa sababu ya hadithi za wanawake waliomo, na amekanusha kwamba alitaka kufanana nao. Ushahidi uko kwenye paji lake la uso. Katika upasuaji wa saba, New York, tarehe 21 Novemba 1993, daktari Marjorie Cramer alimpachika juu ya nyusi vipandikizi ambavyo kwa kawaida hutumika kuinua mashavu, na vikaacha nundu mbili. Vifaa ni vya urembo, daktari ni wa urembo, lakini tokeo ni sura ambayo hakuna jarida linaloiuza. Upasuaji ulirushwa moja kwa moja kwa setilaiti hadi kumbi za miji kadhaa, na baada yake ORLAN aliupiga picha uso wake kwa siku 41, ukiwa umevimba na kuvilia damu. Picha hizo 41 zina thamani kuliko video ya kisu, kwa maoni yetu. Damu huwafanya watazamaji wafumbe macho. Uvimbe unaopungua siku hadi siku unawaonyesha kile ambacho kliniki za urembo huwataka wateja wakifiche nyumbani.

Urembo wa nani?

Kazi zote hizo ni za wanawake weupe, na kigezo cha urembo wanachokijadili kiliwahusu wao kwanza. Tracey Rose wa Afrika Kusini alilibeba suala hili mahali pengine. Mwaka 1997, katika onyesho la Graft lililokuwa sehemu ya maonyesho makubwa ya pili ya Johannesburg, alikaa mtupu ndani ya sanduku la kioo katika Jumba la Taifa la Sanaa, Cape Town, kichwa kikiwa kimenyolewa, akizifunga mafundo nywele zake alizonyoa. Alikalia televisheni iliyoonyesha picha ya mwanamke mtupu aliyejilaza, kama wale wa michoro ya Ulaya.

Bila historia ya nywele kazi hii haieleweki. Chini ya sheria ya mwaka 1950 ya kusajili watu kwa rangi, nchini mwake nywele ziliweza kuamua mtu awekwe kundi gani: penseli iliingizwa kichwani, na kama haikuanguka, aliyepimwa alihesabiwa kuwa si mweupe. Kundi ndilo lililoamua mtaa, shule na ndoa. Kwa msichana aliyekulia katika jamii iliyosajiliwa kama Machotara, kunyoosha nywele hakukuwa suala la kupendeza peke yake. Sanduku la kioo nalo lina historia yake, kwani miili ya Waafrika iliwekwa kwenye makumbusho ya namna hiyo kama vielelezo. Rose alijiweka humo mwenyewe, akiwa na kazi mikononi, asiwatazame waliomtazama.

Simu ilipochukua nafasi ya benchi

Mwaka 2014 Amalia Ulman, mzaliwa wa Argentina aliyekulia Hispania, aliendesha kwenye Instagram kwa takriban miezi mitano kazi iitwayo *Excellences & Perfections*. Ilikuwa na sehemu tatu zilizoandikwa mapema: msichana mpole anayehamia jiji kubwa, kisha mwanamke anayelelewa na wanaume wenye fedha, kisha aliyejirudi na kushika yoga na vyakula vya afya. Katika sehemu ya pili alijionyesha kama aliyeongeza matiti kwa upasuaji. Upasuaji haukuwepo, kulikuwa na bandeji, sidiria zilizojazwa na picha zilizorekebishwa. Wafuasi wakamsifu, wakamtukana, wakampa pole.

Ukiilinganisha na Roberta unaona kilichobadilika. Hershman alihitaji benki, gazeti na daktari wa meno ili mwanamke wake athibitishwe. Ulman alihitaji mfululizo wa picha, kwa kuwa kufikia 2014 picha zilizofuatana kwa mpangilio unaojulikana zilikuwa zimetosha kuwa ushahidi. Alichagua hadithi tatu ambazo watazamaji walikuwa wameshazisoma mamia ya mara kwenye kurasa za watu wengine, ndiyo maana hawakuuliza.

Uhifadhi wake ulileta ugumu mpya. Picha zikitolewa peke yake na kutundikwa ukutani, kazi inakosa nusu yake, kwa sababu maoni ya watu, idadi ya waliopenda na mpangilio wa ukurasa ndivyo vilivyomjenga mhusika. Na ukurasa uko mikononi mwa kampuni inayoweza kubadilisha muonekano wake wakati wowote. Shirika la Rhizome la New York lilinakili ukurasa mzima wa wakati huo, pamoja na maoni yake na namna unavyobofyeka, hivyo anayeutafuta leo anaweza kuupekua kama waliokuwepo 2014.